Kikohozi cha Mwamia Ndege

Wajukuu wangu huniuliza, "Bibi, ndege gani yule pale juu ya paa?" Nami huwajibu kama nilivyofundishwa: yule ni mwizi wa masuke. Yule wa pili ni mwizi wa chini, anaokota kilichodondoka. Yule mwenye mkia mrefu hana kesi, anakula wadudu. Basi watacheka mpaka walale chini. Wao wanataka jina na rangi ya kifua. Ebo! Rangi ya kifua itamsaidia nini mtu aliyelima?

Mimi ni mzaliwa wa Mlali. Niliolewa huku karibu na Dodoma enzi za Wadachi, reli ilipokuwa imeshatupita inaelekea magharibi. Mume wangu aliondoka na hiyo reli kwenda kubeba mataruma, nikabaki na mama yake na shamba moja la uwele. Mama mkwe wangu macho yalikuwa yamemwishia. Aliona mwanga na giza, basi. Ulimi lakini ulikuwa mzima. Hakuwahi kuniita mwanangu. Aliniita "wewe wa Mlali", hata nilipompelekea chakula. Nikifanya kazi nzuri hasemi kitu. Siku moja jirani alimwambia, "Mkweo anajua kuamia ndege, msifu basi." Akajibu, "Mgema akisifiwa tembo hulitia maji."

Na kweli nilijua. Kuamia ndege ni kazi ya kukaa juu ya dungu, lile jukwaa la miti, tangu alfajiri mpaka jua lizame, uwele unapoanza kukomaa. Una kamba zimekwenda pande zote za shamba, zimefungwa vibuyu vyenye vijiwe ndani. Ukivuta, vinapiga kelele. Una sauti yako. Halafu una kombeo na madonge ya udongo mkavu. Kwa kombeo, nasema bila haya, hakukuwa na mwanamke wala mwanamume wa kunifikia.

Tabu ni kwamba shamba letu lilipakana na nyumba ya Mdachi mmoja wa reli. Nyumba ya mawe, uwanja mpana, ua wa miiba, na dirisha la kioo lililotoka kwao kwa meli. Asubuhi moja kundi la kwelea, wale wadogo wenye midomo myekundu, lilitua juu ya paa lake likijipanga kunishukia. Nikazungusha kombeo. Kwelea waliruka. Donge halikuruka nao, lilikwenda kwenye kile kioo.

Askari alikuja kunichukua hata sijashuka vizuri kwenye dungu. Nilijua ni kiboko. Nikasimamishwa uwanjani mbele ya Bwana, na pembeni mkalimani, mtu wa pwani mwenye kanzu safi mno kwa vumbi la Ugogo. Bwana hakuwa na hasira. Alikuwa na kitabu kikubwa chenye picha za ndege. Akasema maneno mengi, na mkalimani akayafupisha.

"Bibi, Bwana anasema ana miezi mitatu hapa na uwanjani kwake hajaja ndege hata mmoja. Sasa amejua sababu. Sababu ni wewe."

"Ni mimi, ndiyo," nikasema. Niliona fahari kidogo.

"Basi umewafukuza, utawarudisha. Aina kumi na mbili. Kila siku utakuja hapa jua likichomoza, utaondoka likizama, mpaka aina kumi na mbili ziandikwe kitabuni. Ndege awe ndani ya ua. Na ni marufuku kupiga kelele, utawatisha."

Nikamtazama kama aliyeniambia nichote maji kwa wavu. "Na uwele wangu?"

Mkalimani hakutafsiri hilo. Alisema, "Wallahi bibi, shukuru. Mwenzako jana alipigwa ishirini na tano."

Ndivyo nilivyowekwa hatua arobaini kutoka shambani kwangu, nimekaa juu ya gogo, mdomo umefungwa kwa amri ya serikali, nikitazama wezi wakishukia chakula changu. Juu ya dungu alipanda mama mkwe. Alipapasa ngazi, akakaa, akashika kamba, akavuta ya mashariki huku kwelea wakila magharibi. Akavuta ya magharibi, nao walishahamia mashariki. Haba na haba hujaza kibaba, na kibaba kile kilikuwa chetu cha mwaka mzima. Ukelele ulinijia, nikaumeza, nikakohoa.

Mama mkwe akageuza kichwa.

Jioni nilipofika nyumbani hakuniuliza habari ya kutwa. Alisema tu, "Wewe wa Mlali. Kukohoa kumekatazwa?"

"Hapana mama. Kelele tu."

"Basi mashariki kohoa mara moja. Magharibi mara mbili. Kati, mara tatu." Akaendelea kula.

Kesho yake tukaanza. Kwelea wakija mashariki, nakohoa, naye anavuta kamba ya mashariki, vibuyu vinalia, wezi wanatimka. Nilikohoa kutwa nzima. Na katikati ya kukohoa nafanya kazi ya Bwana, kwa sababu bila kumi na mbili sitoki.

Kuwaita ndege si kazi ngumu kwa aliyezoea kuwafukuza. Unafanya yote kinyume. Nilimwambia Bwana aache kufagia uwanja kama kaburi la mfalme, nyasi zikae. Amwage pumba karibu na kichaka, ili ndege awe na pa kukimbilia. Aweke maji kwenye chungu kipana, kifupi, maji ya kufika kifundo cha mguu tu. Hilo la maji lilimfurahisha sana. Aliweka na askari wa kulinda chungu, mwenye bunduki, maana mbuzi walikuja, na wanawake waliotoka kisimani na mitungi kichwani walisimama kumtazama. Nchi ile maji ya kunywa tunayafuata mwendo wa saa nzima, na hapa serikali inalinda maji ya shomoro. Mwanamke mmoja alimsalimu askari vizuri kabisa, akamwuliza kama yeye akiota mabawa ataruhusiwa kunywa.

Shomoro alikuwa wa kwanza kuandikwa, tetere akafuata, kisha kunguru aliyekuja bila kuitwa na mtu. Wa nne aliharibu mambo. Mnana wa manjano, yule fundi wa kusuka viota, alitua kwenye pumba, Bwana akainua kalamu, na mkono wangu ukarusha donge. Haki ya Mungu sikuuamuru. Mkono wa mwamia ndege hauulizi kichwa. Mnana akatoweka, na Bwana akabaki na mkia tu kitabuni.

"Bibi!" mkalimani akapiga ukelele, naye kelele zimekatazwa. "Umefanya nini?"

"Nimemsalimu."

Tangu hapo nilikaa nimekalia mkono wangu wa kulia.

Ubishi ulikuwa kila siku. Hondohondo alitua juu ya ua, mdomo ndani, mkia nje, Bwana akakataa kumwandika mpaka aingie mzima. Tulimngoja asubuhi yote tukimtazama, naye anatutazama. Niliuliza kama kuku ni ndege, maana Bwana alikuwa na kuku saba, ilijadiliwa, ikakataliwa. Kipanga aliingia uwanjani akamnyakua tetere mbele ya macho yetu. Kipanga akaandikwa wa kumi, nami nikauliza kama tetere sasa anafutwa. Hata hilo lilijadiliwa.

Na kikohozi changu nacho Bwana alikisikia. Siku ya tatu alikuja mwenyewe na kijiko na kidonge cha kwinini. Nikameza. Loo! Uchungu ule mpaka masikio yakalia nyuki. Mkalimani akasema Bwana anasikitika sana, kifua changu si kizuri. Kwelea wakatua magharibi, nikakohoa mara mbili, Bwana akarudi na kidonge cha pili. Siku ile wezi walikuja mara nyingi, nikakohoa mara nyingi, nikameza vidonge mpaka nikaona miti miwili pale palipo na mmoja. Mama mkwe nilipomweleza jioni alicheka kwa mara ya kwanza tangu niolewe. Kisha akakumbuka kuwa ni mimi, akanyamaza.

Siku ya nane bundi alionekana mchana kweupe ndani ya mti wa Bwana. Mkalimani akashika kanzu akakimbia, akitaja majina ya Mungu. Askari naye akaacha chungu akakimbia. Bwana akabaki anachekelea, anaandika kumi na moja. Mimi sikukimbia. Bundi anakula panya, na panya wanakula uwele. Wa kumfukuza huyo mimi siye.

Ikabaki aina moja. Na uwele ulikuwa umeiva. Mwenye shamba anajua siku ile: ukiminya suke, punje zinamwagika zenyewe mkononi. Majirani wote walikuwa wameanza kuvuna mashamba yao, nani angeacha lake aje kwetu? Mama mkwe peke yake asingeweza kuvuna kwa kupapasa. Uwele ulioiva haungoji mtu atoke kifungoni. Ukikaa siku chache zaidi ungedondoka wote chini, na kule kwetu mwaka usio na uwele tulishauona, tukazika. Ilikuwa lazima nitoke siku ile au kesho yake.

Asubuhi hiyo Bwana alifungua kitabu akanionyesha picha. Ndege mdogo, mdomo mwekundu.

"Bwana anauliza," mkalimani akasema, "huyu hayupo katika nchi hii?"

Siku zote zile, yule wa kumi na mbili nilikuwa ninamfukuza mwenyewe kwa kifua changu.

"Hayupo," nikasema.

Nikarudi kukaa juu ya gogo. Mama mkwe alikuwa juu ya dungu na kamba zake, uso ameuelekeza kwangu, anangoja kikohozi. Kwelea haji mmoja. Ukimruhusu mmoja umeruhusu wingu zima. Lakini wingu lile likila pembe moja ya shamba na mimi nikatoka, tutavuna pembe tatu. Nikikohoa, nitakohoa hapa mpaka shamba lote limwagike. Nilipiga hesabu hiyo nikiwa nalia, sioni haya kusema.

Wakaja. Niliwasikia kabla sijawaona, upepo wa mabawa yale naujua hata usingizini. Walitua upande wa mashariki, na kikohozi kikataka kutoka chenyewe. Nikaweka nguo mdomoni nikaiuma. Mama mkwe alingoja. Aliinamisha kichwa, akageuza sikio, akangoja tena. Akavuta kamba moja kwa kubahatisha, wala haikuwa hiyo. Wezi walikula, wakashiba, wakainuka kufuata maji, wakamwagika ndani ya uwanja wa Bwana, juu ya ua, juu ya paa, juu ya chungu, juu ya kofia ya askari.

"Andika!" nikamwambia mkalimani. "Mwambie aandike!"

Bwana alikuwa amefurahi mpaka uso umemwiva. Lakini hakuandika. Alitoa penseli aanze kuchora. Akachonga penseli. Akachora mdomo, akaufuta, akauchora upya. Kundi la pili likashuka shambani.

"Mwambie mdomo ni mwekundu, basi! Hana kingine!"

"Bibi, taratibu, Bwana anasema anataka na miguu."

Akamaliza miguu. Akaandika. Akafunga kitabu, akanipa mkono kama mtu mzima mwenzake, akasema jambo refu ambalo mpaka leo sijui ni nini, kwa sababu sikumngoja mkalimani. Niliruka ua wa miiba na nguo yangu ikabaki nusu kwenye miiba. Nikapiga ukelele wa siku tisa. Ndege wote wa Bwana, aina zote, waliruka wakaenda zao.

Nilipofika chini ya dungu nikatazama juu. Hapakuwa na mtu. Kamba zilikuwa zinaning'inia.

Yule mama, aliyenihesabia kila suke tangu siku niliyoingia nyumba ile, alikuwa ameacha shamba. Ameshuka ngazi peke yake, na kwelea bado wanakula. Nikamkuta katikati ya uwele, anakuja upande wa nyumba ya Bwana, mikono mbele, anavunja mabua, anayakanyaga masuke yaliyoiva wala hajali. Magoti yalikuwa yanavuja damu. Na alikuwa anaita. Niliona aibu kusikiliza, maana haikuwa sauti niliyoijua.

"Mwanangu! Mwanangu we!"

"Mama, niko hapa."

Akanishika uso kwa mikono miwili, akaupapasa, pua, mdomo, shingo, kama mtu anayetafuta palipokatika.

"Mbona hukukohoa? Nilisikia ndege, wewe sikukusikia. Nikasema wameniulia."

"Mama, kwelea wanakula. Turudi, nivute kamba—"

"Waache wale," akasema. "Kohoa kwanza nikusikie."

Nikakohoa mara tatu, maana tulikuwa katikati.