Pumzi Zidakani

Aibu hii naisema mwenyewe, kabla hamjaisikia barazani. Shemeji yangu Athmani, muuza filamu Bondeni, aliniletea nyumbani diski mpya ya filamu ya shujaa arukaye, niamue kama imeishinda ya zamani. Shule sikufika mbali, lakini filamu ile naijua kama njia ya msikitini. Akafunga madirisha, alasiri ile, akaniacha peke yangu.

Picha ilikuwa safi, nyuzi za joho zinahesabika. Shujaa alipoingia pangoni, nikasikia mwanamke akipumua kisogoni pangu. Katika diski ya zamani hakuwamo! Nikageuka. Palikuwa na zidaka tu, shubaka la ukutani, na mabakuli ya marehemu mama mkwe. Pumzi zikatoka humo, kisha kilio cha chini, na mabakuli yakagongana yenyewe.

Nikapiga magoti. “Nisamehe, mama! Lile la buluu nililivunja mimi, si paka!”

Mlango ulikuwa wazi. Athmani akaingia, akatoa spika ndogo nyuma ya mabakuli. “Shemeji, diski mpya sauti hutokea hata nyuma.”

Mke wangu, kasimama mlangoni na kahawa mkononi, hata spika hakuitazama.

“Na paka wangu uliyekwenda kumtupa jaani Kibarani?”