Paka Wetu Sisi Tusiosemeshana

Mimi sijui kutulia. Hata chai nainywa nimesimama, na mama mkwe hulalamika kwamba namtia kizunguzungu. Kwa hiyo ile Jumamosi paka wa baba mkwe alipoanza kutetemeka jikoni kwangu, nilizunguka humo ndani mpaka nikapiga teke ndoo ya maji.

Alikuwa mgonjwa tayari. Uroho wa maziwa ulimpeleka chini ya ng'ombe anayekamuliwa, akala teke, mguu wa nyuma ukavimba. Daktari wa mifugo alikuja na pikipiki kutoka Mugumu, akamtia kwenye kikapu, akakining'iniza kwenye mizani, halafu akaniachia dawa ya maumivu ya matone, ya paka hasa, kwa kipimo cha uzito wake, mara moja kwa siku akishakula. Vidonge vya maumivu vya watu nisithubutu, alisema, kwa paka ni sumu. Na hiyo ya matone isichanganywe na kitu bila yeye kujua.

Nilikubali kumuuguza kwa sababu ya yule mzee. Amechunga ng'ombe maisha yake yote, sasa miguu imemchoka, na jioni anakaa na huyo paka mapajani akimsimulia mambo ambayo sisi hatusimulii. Kwa mila za hapa, mzee haruhusiwi kuingia jikoni kwangu. Mimi ni mtu wa Iringa, nilipangiwa kufundisha Nyansurura nikaolewa humu humu, na siku ya kwanza mume wangu alinieleza wazi: kwa baba ni shikamoo ya mbali, basi. Ukiwa na neno naye, mpitishie mama.

Jumamosi hiyo mama alikuwa gulioni. Mume wangu alikuwa Nyakunguru, shimoni kwenye dhahabu, ambako simu haishiki. Paka alichechemea kwenda kuota jua uani, akarudi ute unamtoka mdomoni, ngozi inarukaruka, masikio hayatulii. Nilidhani ni maumivu. Chupa ya matone ilikuwa mkononi, nimeshaifungua, ndipo nikainama na kunusa manyoya yake. Alinuka dawa ya josho la ng'ombe, ile ya kuulia kupe.

Nikampigia daktari.

"Usimpe hiyo dawa, mwalimu. Funga chupa," alisema. "Kapakwa nini? Nataka jina lililoandikwa kwenye dawa. Muulize aliyempaka."

Muulize. Nilitoka nje, nikarudi ndani, nikatoka tena. Mzee alikuwa kwenye zizi, amenipa mgongo kama inavyotakiwa. Katikati yetu alikuwa amefungwa ndama. Aibu ilinijaa, lakini nikamwangalia ndama usoni.

"Ndama, hebu muulize baba, huyu paka amepakwa nini?"

Mzee naye akamgeukia ndama.

"Mwambie hajapakwa. Nimemuogesha tu. Kupe walimjaa masikioni, nikamnyunyizia ile ya ng'ombe iliyobaki kwenye bomba."

"Ndama, daktari anataka jina la dawa. Paka anakufa."

Sikumwona mzee akitembea haraka namna ile tangu niolewe. Alileta chupa, akaiweka chini katikati ya ua, akageuka. Nikamsomea daktari.

"Hiyo mwili wa paka hauiwezi," alisema. "Mwoshe kwa maji ya vuguvugu na sabuni ya vyombo, mkaushe, mfunike. Usimpe kitu mdomoni. Nakuja."

Nilimwosha, nikamkausha, nikamfunika kwa khanga. Nilimkasirikia mzee, nilimhurumia mzee, na vyote viwili sikuwa na ruhusa ya kumwambia. Nje ya ukuta nilisikia fimbo yake ikigonga chini, inasimama, inagonga tena.

"Anapumua?" aliuliza.

Nilichungulia. Ndama alishafunguliwa, yuko kwa mama yake. Mzee aliuliza tu, hakumwelekezea mtu.

"Anapumua, baba," nikasema.

Daktari alifika, akamchoma sindano ya kutuliza misuli, akakaa naye mpaka mitetemo ikapungua. Ya maumivu isubiri, alisema, mpaka paka ale na kunywa mwenyewe na yeye amwangalie tena, maana ikimkuta hajala wala kunywa inaumiza figo. Ya kupe ipo ya paka, ataileta yeye, kwa siku yake. Kisha akasimama uani akifunga mkoba.

"Hapa wanaompa dawa ni wawili. Kabla ya kumpa chochote, kila mmoja amwambie mwenzake. La sivyo mtamuua."

Mimi nilitazama paa. Mzee alitazama ng'ombe.

Usiku sikulala, kwa paka na kwa hayo maneno. Asubuhi nilikuwa naosha vyombo uani, mama mkwe yuko jikoni kwake, mlango wazi. Mzee alikuja akasimama mbali, uso ameuelekeza barabarani.

"Leo sijampaka kitu," alisema.

Nikaweka sufuria chini.

"Na mimi sijampa, baba. Amekunywa maji mwenyewe."

Mama mkwe alikuwa anasonga ugali. Mwiko ulisimama. Nikangoja aseme neno. Kisha mwiko ukaendelea.