Zamu Aliyopisha Babangu

Babangu alifundisha kazi ya umeme katika chuo cha serikali kwa miaka mingi. Mimi niliacha shule nilipomaliza msingi. Mgeni akija kwetu Mji wa Kale, hata kahawa haijamiminwa, babangu humwambia, "Huyu ni wangu, lakini darasa lilimshinda. Mtoto wa mwalimu!" Mgeni hucheka, nami hurudi jikoni. Hata nikijuliwa hali na majirani, jibu langu huchukua muda kutoka.

Idarani kwao walimu wakongwe walikuwa na desturi ambayo haikuandikwa popote. Nafasi ya kupanda cheo ilipotangazwa, hawakuomba wote. Aliomba aliyetangulia kuajiriwa, na wengine wakangoja zamu zao. Waliona aibu watu wanaokula sinia moja kugombania kiti kimoja. Lakini mwenye zamu angeweza kumpisha mwenzake aliyefikwa na shida.

Mwaka zamu ya babangu ilipofika, mwenzake anayekaa Ganjoni alikuja nyumbani baada ya alasiri. Nilikuwa nimeshika dele la kahawa. Sahani ya kashata ilikuwa baina yao.

"Nipishe mwaka huu, mwalimu," alisema. "Mke wangu mgonjwa, mambo yamenizidi. Mwakani utapanda wewe."

Babangu hakufikiri. "Pita, bwana. Mwaka mmoja ni kitu gani baina yetu?"

Wakapeana mikono. Mgeni akapanda cheo mwaka ule, babangu akapanda mwaka uliofuata. Mamangu alipika pilau, nikazunguka mtaani na sahani zilizofunikwa.

Waraka ulikuja baada ya miaka kadhaa. Ulisema mwalimu mwenye stashahada peke yake hafai kushika cheo kile, lazima awe na shahada. Wengi walidhani unawahusu watakaopanda kuanzia siku hiyo. Haikuwa hivyo. Kanuni ilirudi nyuma ikapiga mstari, na mstari wenyewe ukaangukia baina ya mwaka wa mwenzake na mwaka wa babangu. Waliopanda kabla yake wangebaki walipo. Waliopanda baadaye wangeshushwa, kama kwamba hawakupanda kamwe. Mwenzake alisalimika, na kufikia wakati huo alikuwa ndiye mkuu wa idara.

Babangu alikuwa amebakisha mwaka mmoja astaafu. Angetoka na cheo alichokuwa nacho mimi nikiwa mtoto wa kubebwa. Kulikuwa na mlango mmoja tu, rufaa ya kukatwa ndani ya wiki mbili. Mwalimu aonyeshe kwa maandishi kwamba zamani alistahili nafasi kabla ya ule mstari, na kwamba alicheleweshwa kwa sababu halali. Alihitaji barua moja ya mtu mmoja.

Akaniambia nivae buibui tufuatane. "Wewe ulikuwepo," alisema. "Akisahau, utamkumbusha."

Kwa mwenzake huko Ganjoni tulipanda ngazi mpaka ghorofa ya tatu. Mke wa mwenyeji alitupa chai ya maziwa na biskuti, akarudi kusimama mlangoni mwa jikoni. Babangu alieleza haja yake polepole, kama anayefundisha.

"Wewe ni ndugu yangu, mwalimu," mwenyeji alisema. "Lakini niandike nini? Kwamba tulikuwa tukigawana vyeo kama mkate? Wakisoma hivyo watalifungua na faili langu."

"Andika kweli. Ulikuja kwangu, nikakupisha."

Mwenyeji aliweka kikombe chini. "Nilikuja lini?"

Babangu alicheka, akidhani ni mzaha. "Bwana wee! Si ulikula kashata mpaka ukaomba za kubeba?"

"Kashata nimekula nyumba nyingi huko kwenu, mzee."

Siku zote alikuwa akimwita mwalimu. Babangu alilisikia lile neno. Akanyoosha kidole kunielekea.

"Binti yangu alikuwepo. Muulize. Yuwajua kila kilichosemwa."

"Huyu?" Mwenyeji alinigeukia akitabasamu. "Si ndiye huyu uliyekuwa ukituambia hata herufi zilimkimbia? Haya, mama, hebu tusimulie."

Babangu hakukana. "Sema, mwanangu," akanihimiza.

Nilikumbuka yote, hata upande aliokaa mgeni na kashata ngapi alizofunga katika leso. Ulimi haukuinuka. Ningependa kuandika hapa kwamba ilikuwa haya peke yake. Mwanzo ilikuwa haya. Kisha nikamwona babangu akinitazama, mdomo nusu wazi, akingoja neno kutoka kwangu, yeye ambaye hajawahi kulingoja. Nikaona utamu. Nikakiacha kimya kiendelee kidogo, halafu kidogo tena, mpaka mwenyeji akasimama.

"Muongeze chai asije akazirai," alimwambia mkewe. Mkewe hakusogea. "Rufaa yako nitaipeleka kama ilivyo, mzee. Hilo siwezi kukunyima."

Tulirudi kwa miguu. Babangu alitangulia hatua nyingi mbele, na tulipofika Barabara ya Biashara alimwitikia salamu kila mwenye duka kwa sauti ya kawaida. Mlangoni ndipo aliponigeukia.

"Nimezoea wewe kuwa mjinga," alisema. "Leo ndiyo nimejua kwamba wewe ni mbaya."

Katika zile wiki mbili zilikuwa zimebaki siku sita. Asubuhi yake nilikaa jikoni na daftari, nikaanza kuandika nilichokiona na kukisikia siku ile ya kashata. Niliandika sentensi, nikaifuta, nikaiandika tena. Mkono wangu ni mzito, na hakuna niliyethubutu kumwambia nafanya nini. Ukurasa mmoja na nusu ulinichukua siku tisa.

Nilimpa babangu akitoka chuoni. Mfukoni alikuwa na barua ya kumshusha, yenye sahihi ya mwenzake wa Ganjoni. Aliusoma ukurasa wangu amesimama, akarudi mwanzo akausoma tena. Kisha akachomoa kalamu nyekundu, akaketi. Akatia herufi kubwa palipotakiwa, akaweka vituo, akaikata sentensi moja niliyokuwa nimeirudia. Chini kabisa akaandika alama, saba kwa kumi, akaizungushia duara.

"Rufaa ilifungwa Ijumaa," alisema, akanirudishia karatasi.