Shamba Linaanzia kwenye Ng'ombe

Juzi ardhi ilitutikisa hapa Gitega, saa ya chai ya asubuhi. Nilikuwa kwenye cherehani yangu, nikaona mkasi unatembea wenyewe juu ya meza mpaka ukaanguka. Vikombe vikagongana kabatini. Kabla sijajua kama nimesimama, nilikuwa tayari nje, uani, peku. Jirani yangu wa hapa Nyamugari, mama mmoja wa Kiislamu anayekaanga maandazi kwenye kona, alinitazama huku mwiko wake unadondosha mafuta. "Subhanallah! Mi nilizani ni kamyo ya mizigo inapita! Lakini we, mbona unatetemeka hivyo? Iko kitu kidogo tu, imeisha." Nikamjibu kwamba bado haijaisha. Akanicheka, akarudi kwenye karai lake.

Siku ya pili simu ikalia kutoka Butihinda, kule Muyinga. Alikuwa binti wa mzee tuliyepakana naye shamba nilipokuwa mtoto. Hakunisalimia. "Dada, njoo. Mlima umeshuka na mvua. Kaburi la bibi yako halipo tena." Nikafunga cherehani, nikavaa viatu vya matope, nikaondoka. Na njia nzima, rafiki yangu, sikuwa mtu mzima mwenye watoto. Nilikuwa kile kitoto cha Bibi, kinachochambua maharagwe na kukariri shamba.

Usishangae, shamba tulilikariri kweli. Mimi nilizaliwa katika kambi ya wakimbizi wa Burundi, Tanzania, na kwetu sikukujua ila kwa mdomo wa Bibi. Kila jioni alitukalisha karibu na mafiga, sinia la maharagwe mapajani, tutoe mawe huku tukiimba aliyotufundisha: "Shamba letu linaanzia kwenye Ng'ombe. Kutoka kwenye Ng'ombe linashuka hadi kwenye chemchemi. Hapo ndipo kwetu." Ng'ombe lilikuwa jina la jiwe kubwa, refu kuliko nyumba, lenye nundu na mistari myeupe ubavuni. Babu alilikuta, baba yake Babu alilikuta. Ukikosea neno, hupati ukoko wa ugali, na sisi kwa ukoko tungekariri hata mashamba ya watu wengine. Bibi hakuwa na karatasi. Alikuwa na sisi, na alisema karatasi huoza lakini mtoto hukua. Alichotaka ni kimoja tu duniani. "Msije mkanizika kwenye udongo wa kuazima," alituambia. "Nilazeni kwangu."

Mtu mmoja tu alithubutu kumbishia, naye ni mwalimu wetu wa pale kambini. Yeye alikuwa mtoto wa pwani ya ziwa Tanganyika, upande wa Rumonge, na kwa dagaa wa kukaanga na habari za kwao ziwani humwezi. Alituambia kwamba huko milima imekatwa wima, inaingia majini bila kuaga, ukipiga hatua moja kutoka ufukweni huoni chini. Alisema kuna mahali maji yanatoka ardhini yakichemka, mtu anaweza kuivisha yai. Tukamcheka. Basi siku moja akaja kwa Bibi, akaomba ule ukoko uliobaki kwenye sufuria, mzima mzima. Akaushika kwa mikono miwili, akauvuta taratibu. Ukapasuka katikati, kingo zikabaki zimechongoka, vipande vikadondoka ndani ya ufa. "Hivi ndivyo lilivyozaliwa ziwa," akasema. "Dunia ilichanika. Na msifikiri imemaliza. Bado inavutwa, ndiyo maana mnasikia mitikisiko mpaka huku juu milimani."

Bibi alikuwa amekasirikia ukoko wake. "Hayo ni ya huko kwenu ziwani," akamwambia. "Kwetu Butihinda mawe yana adabu. Yakiwekwa yanakaa." Mwalimu akacheka, akala ushahidi wake.

Kisha amani ikaja, wakaanza kuturudisha. Nakumbuka vumbi jekundu, magodoro juu ya magari, kuku wamefungwa miguu, na Bibi amevaa kitenge ambacho hakijawahi kufuliwa kwa sababu kilikuwa kinangoja siku hiyo. Watu wa Butihinda walitutazama kutoka kwenye migomba. Walituita Watanzania, eti hata Kirundi chetu kinanuka sembe. Lakini walituletea viazi vitamu na maharagwe ya moto, na mama yangu akala akilia, chozi na mchuzi kitu kimoja.

Tulipopanda njia ya kwetu, tulikutana na mwanamume mmoja amebeba jembe. Bibi akamtambua mara moja: jirani yake wa zamani, aliyemwacha kijana amekuwa mtu wa makamo. Akampungia mkono na kumpigia kelele kwa ule msemo wake wa Tanzania alioupenda kuliko yote: "Milima haikutani, binadamu hukutana!" Sisi tukangoja vicheko na makumbatio. Yule baba alimtazama Bibi kama mtu aliyetukanwa. Akageuka, akapanda zake juu.

"Mmeona?" Bibi akasema. "Dhamiri inamsuta. Kaniibia shamba huyu."

Wazee wa kilima, maana kwetu kijiji ni kilima, walituambia tungoje Alhamisi, watakaa nasi na kusikiliza shauri la shamba. Kungoja? Bibi huyu? Asubuhi ya pili alituamsha, akatupanga mstari mama na sisi watoto, tukashuka kumtafuta Ng'ombe. Tulimkuta. Alikuwa bondeni kabisa, karibu na kinamasi, amelala ubavu na nundu imezama nusu. Mama alisema, "Mama mkwe, si ulisema yuko juu?" Bibi akatazama mlima, akatazama jiwe, akafuta macho kwa ncha ya kitenge. "Macho yangu ndiyo yamezeeka," akasema. "Ng'ombe ni huyu, nundu yake ni hii. Jiwe halitembei." Hapo ndipo tulipokosea, rafiki yangu. Alikuwa amelikariri jiwe miaka yote ile, hakukariri mlima.

Akatuambia tuimbe. Tukaimba kwa sauti, shamba letu linaanzia kwenye Ng'ombe, nzima yote, ili bonde lisikie. Naye akalitemea jembe mate, akalinyanyua, akalipiga chini mara ya kwanza, pale pale ubavuni mwa jiwe.

Sijawahi kusikia mtu akilia vile. Sauti ilitoka juu kwenye migomba, na yule jirani akashuka mbio akianguka na kuinuka, panga mkononi. "Toka hapo! Toka hapo, mukecuru, kizee we! Nitakuua!"

"Niue!" Bibi akajibu. "Mwizi mkubwa! Utanizika kwenye shamba langu mwenyewe!" Akapiga jembe tena.

Jirani akamfikia. Akampokonya jembe, mpini ukavunjika. Bibi akamng'ata mkono, hakuachia. Akampiga kofi, Bibi akaanguka, kitenge kipya kikachanika. Mama yangu, ambaye nilidhani ni mpole, akaokota jiwe akamtwanga nalo kichwani mpaka damu ikamziba jicho. Sisi tulikuwa tunapiga mayowe na kumrushia matope. Yule baba akainua panga. Nililiona juu ya kichwa cha Bibi, na makali yake yalikuwa yamenolewa vizuri.

Ndipo ardhi ikapiga. Siwezi kusema ilitikisika; ilipiga, kutoka chini, nikajikuta nimekaa. Maji ya kinamasi yakaruka. Ndege wote wakanyamaza, na katika ule ukimya tukasikia huko juu kitu kinakatika, kamba baada ya kamba, kumbe ni mizizi. Ilikuwa mwisho wa masika, mlima umeshiba maji. Nikainua macho, nikaona migomba inatembea. Inakuja imesimama wima, na majani yake na mikungu yake, na nyuma yake udongo mwekundu unajikunja na kunguruma na kuvunja kila kitu. Nyumba moja ya nyasi ilikuja nayo, ikazunguka mara moja, ikamezwa.

"Nyuma ya jiwe!" yule baba akapiga kelele. "Nyuma ya jiwe!" Akatupa panga. Akamnyanyua Bibi kama gunia, akatusukuma sisi kwa miguu na viwiko, tukarundikana kwenye tumbo la Ng'ombe upande wa bondeni. Udongo ukafika. Nikasikia jiwe linapigwa, likaguna, lakini halikuondoka. Matope yakapasuka pande mbili, yakapita kulia na kushoto kwetu na miti yake, na mbuzi mmoja aliyekuwa bado analia. Mawe madogo yalituruka vichwani. Mama alikuwa amenilalia na moyo wake ulikuwa unanipiga mgongoni.

Kisha kukatulia. Yule baba alikuwa bado amemkumbatia Bibi, damu yake inamdondokea kwenye mvi. Wote wawili walikuwa wanahema.

"Yampaye inka," Bibi akanong'ona, kama tunavyoshangaa kwa Kirundi. "Mbona umetuokoa?"

Yule baba akamwachia. Akaweka kiganja chini, pale jembe lilipopiga. "Mke wangu yuko hapa," akasema. "Nyumba yangu ilikuwa hapa. Miaka ile mlipokuwa Tanzania ardhi ilipiga, Ng'ombe akashuka kutoka juu. Mke wangu alikuwa ndani anasonga ugali. Sikuweza kumtoa. Nani anaweza kuinua jiwe hili?" Akafuta jicho lake kwa mkono wa matope. "Halafu unarudi, mama, unanisalimia barabarani kwamba milima haikutani. Mlima umekutana na mke wangu. Na leo unasema hapa ndipo shamba lako linapoanzia."

Bibi akagusa alama ya jembe udongoni.

"Nilimpiga jembe?" akauliza.

"Ulimpiga jembe, mama. Mara mbili."

Basi Bibi akalala kifudifudi pale pale kwenye matope, akaweka shavu chini, akaanza kumwomba radhi yule mwanamke. Alimwita binti yangu, mkwe wangu, jirani yangu. Yule baba akalia, mama akalia, na sisi tuliokuwa tumechoka kulia tukaanza upya.

Alhamisi wazee wakaja, hawakuwa na kazi. Yule baba alikuwa ameshatupandisha mlimani na kutuonyesha mahali Ng'ombe aliposimama zamani, shimo jekundu pana, na majani yameanza kuota ndani. Ni kweli alikuwa analima shamba letu, kwa kuwa lake lilikuwa chini ya jiwe na tope. Bibi akamwambia, "Lima nusu. Ulilinda na nusu yangu." Wakapanda igitongati katikati, ule mti wa mpaka tunaoupanda sisi, na chemchemi, ambayo nayo ilikuwa imehama, wakaitafuta pamoja mpaka wakaipata imejificha nyuma ya kichuguu.

Ah, na maisha yaliyofuata! Laiti ungeonja viazi vya lile shimo. Asubuhi ukungu ulijaa bondeni, ukasikia watu wanasalimiana bila kuwaona. Sisi watoto tulichota maji na kumenya mihogo na watoto wa jirani, tukailoweka kinamasini, tukanuka sote harufu moja. Kila mavuno Bibi alishuka na kibakuli cha maharagwe mapya, akakiweka ubavuni mwa Ng'ombe, akapiga gumzo na mke wa jirani kana kwamba yuko jikoni. Alimpa umbeya wote wa kilima. Bibi alipofariki, usingizini, yule baba hakuruhusu mtu mwingine ashike jembe. Alimchimbia mwenyewe, pale juu, katika shimo la Ng'ombe. Alilala kwake, kama alivyotaka, na mimi nikaenda mjini nikiwa na amani.

Sasa nimefika. Mlima wa utoto wangu haupo. Kuna jeraha jekundu kutoka kileleni mpaka kinamasini. Shimo limekwenda, igitongati kimekwenda, chemchemi sijui imehamia wapi tena. Njia niliyopandia na ndoo kichwani imekatika hewani. Nilisimama nikamtukana yule mwalimu, Mungu amrehemu, kwa sababu alisema kweli, kwamba dunia inavutwa na haijamaliza. Watoto wangu hawajui hata mstari mmoja wa wimbo wa shamba. Wana karatasi, na karatasi inasema mpaka uko mahali ambapo leo ni hewa tupu.

Jirani yetu ni mzee kabisa sasa, anatembelea fimbo. Nilimkuta chini, ameketi karibu na Ng'ombe. Tope lote jipya lilikuwa limeteremka likaishia kwenye jiwe, likajilaza ubavuni mwake. Vijana wa kilima walikuwa wamesimama na majembe, wananingoja mimi mwenye maiti niseme, waanze kumtafuta Bibi ndani ya lile tope, tumpeleke makaburi ya parokia akalale vizuri.

Nilimshika mzee mkono. Ulikuwa na alama ya meno, ile ile.

"Ameshuka," akaniambia. "Alisema shamba lake linaanzia hapa, nikamkatalia kwa panga. Sasa nimkatalie vipi?"

Nikatazama lile tope. Kinamasi kilikuwa kinalia vyura. Bibi yangu yuko humo mahali fulani, na mke wa jirani yuko humo, na hakuna anayejua wa nani anaishia wapi. Wana mengi ya kuambiana, maana Bibi hajashusha umbeya tangu afariki.

Nikawaambia vijana waweke majembe chini. Hapo hapapigwi jembe tena.