Mabega ya Mukhwana

Kila asubuhi kabla ya chai, Anti Wahu hupangusa deki yake ya video kwa pamba na spiriti. Anaishi Kitale, na kazi yake ni kuwatafutia watu wa televisheni wa Nairobi picha za kitambo: harusi, mazishi, maonyesho ya kilimo. Anaingia kwa boma za watu, anaulizia kanda zilizolala chini ya kitanda, anazikopi, anazirudisha. Mimi naishi naye. Huwa namshikia begi.

Mwaka jana walitaka ngoma za tohara za Wabukusu. Huko Kibabii, karibu na Bungoma, mama mzee anaitwa Rispah akampa kanda ya mwaka wa 1994, mwanawe Mukhwana akitahiriwa. Aliomba kitu kimoja tu. Anti achukue ngoma na ng'ombe wa sherehe, lakini pale kwa kisu asimamishe. Anti akakubali. Nilikuwepo.

Nyumbani tukaitazama. Kijana amesimama wima, matope mwili mzima. Halafu mabega yanaruka. Kidogo sana. Sisi ni Wakikuyu, Anti hakuona kama ni neno. Gari la mizigo la Nairobi lilikuwa linaondoka na kukata ile sehemu kungemchelewesha, basi akatuma yote, na kikaratasi: tumieni ngoma peke yake.

Kwa Wabukusu, kijana akitikisika mbele ya kisu, hiyo aibu anazeeka nayo. Mukhwana waliomwona walikuwa wachache, wakamfichia miaka yote hiyo.

Mwaka huu mwezi wa tano filamu ikatoka, na yale mabega yakapita kwa kila simu. Mwezi wa nane ingekuwa zamu ya mtoto wa Mukhwana, Bramwel. Watu wa bodaboda wakawa wanamuuliza kama watamfunga kamba ama atasimama mwenyewe.

Anti alienda kuomba msamaha, nami nikamfuata. Rispah alitusalimia vizuri, akaenda jikoni kutuchinjia kuku. Hiyo ndiyo iliniumiza.

Mukhwana hakupaza sauti.

"Si ulikunywa chai ya mama yangu hapa? Mimi nilikuwa hapo tu sokoni. Ungeniuliza, bana."

"Nilikosea, Baba Bramwel. Nitawaambia waitoe."

"Waitoe wapi? Kwa simu ya nani?"

Bramwel akaingia, akasimama kando ya mlango. Hakututazama.

"Baba, siku ya kisu anko Tonny ndiye atasimama na mimi, si wewe."

Mukhwana akaangalia kikombe chake. Akasema sawa.

Anti akainuka. Nilidhani anaenda choo. Alipita uani, akapita lango, akashika barabara ya lami bila kuaga mtu.

Rispah akaleta kuku na ugali, akauliza mgeni wake yuko wapi. Nikamwambia anakuja. Nilikula peke yangu, nikiangalia chini.

Anti hajakanyaga Bungoma tena.