Saini Yangu Kwenye Kadi ya Glavu

"Mtu yuko Antaktika vidole vimeungua kwa baridi, na kadi ya glavu zake ina saini yako."

Msimamizi wa ghala aliniambia hivyo mbele ya wenzangu wote, barakoa imemshukia kidevuni. Nilikuwa na sindano mkononi. Nikakaa juu ya katoni.

Wanaokwenda kwenye barafu hupigwa picha. Sisi wa ghala la Ingleburn, pembeni mwa mji huku ughaibuni, tunaowavalisha, nani atatuuliza? Miaka minane nimeshona nguo zao. Shule niliishia darasa la tatu, kambi ya wakimbizi Kigoma, lakini cherehani naijua. Kila jozi ya glavu iliyoshonwa upya nilikuwa naivaa mwenyewe, naingia chumba cha baridi cha machinjio ya jirani, nafunga na kufungua zipu ya koti mpaka pua inakufa ganzi. Mshono ukiachia, jozi haiendi. Ukishika, naandika tarehe kwenye kadi, naweka saini. Wakata nyama walikuwa wananicheka, wakaniuliza kama nimekuja kugandishwa niuzwe kwa kilo. Nami nikawajibu hawataweza bei.

Korona ilipoingia, machinjio wakawazuia watu wa nje. Msimamizi akasema meli ya Antaktika haisubiri mtu, nisaini tu bila kuzijaribu. Nikakataa. Akaninunia. Haikupita wiki, jirani yangu wa Merrylands, mtaa ninaoishi, akaugua ugonjwa huo, nami nikaamriwa kukaa ndani siku kumi na nne. Glavu nikaziacha mezani, kadi zake tupu.

Basi siku ile ya aibu nilirudi nyumbani na nakala ya kadi, nikamwonyesha binti yangu. Huwa ananijibu Kiingereza. Siku hiyo alisema Kiswahili.

"Mama, tarehe hii si ndiyo wanajeshi walikuja mlangoni, ukawatokea na kitenge na mafuta kichwani?"

Ndiyo yenyewe. Walikuja na polisi kuhakikisha sijatoka. Niliwalaani sana, maana mimi wanajeshi nimewakimbia tangu utoto. Kumbe waliandika kwamba nilikuwepo. Binti akaomba maandishi yale, yakaja, akayapeleka ofisi yetu kuu mjini. Wakaniandikia barua ya siri kwamba sina kosa.

Na yule mtu wa barafuni? Vidole vyake vyote kumi vilipona. Niliposikia hilo, nililala mchana kutwa, chai ikapoa mezani. Sikuwa nimelala hivyo tangu siku ya katoni. Hata leo nikikumbuka napumua.

Lakini saini haijiandiki. Kabati la kadi lilikuwa na ufunguo mmoja, na ufunguo ulikuwa mfukoni mwa msimamizi. Bado anakalia kiti kile kile. Wakubwa wa mjini wanajua, wamenyamaza, kwa kuwa meli iliondoka kwa wakati. Barua yao ya siri siitaki. Aliniaibisha mbele ya watu. Asimame mbele ya watu hao hao aseme ni nani aliyeandika jina langu.