Uso wa Mzee wa Lyulilo

Jamani, aibu hii nimeificha vya kutosha, na kwa kuwa Ikolo nzima, kijijini kwa mume wangu, wanaisimulia kwa kuongeza chumvi, afadhali mnisikie mwenyewe nilivyojichoresha.

Mimi ni mwalimu wa filamu chuo kikuu, kazi yangu ni kufundisha watu kutazama (ukweni wanasema nimesomea udaktari wa kuangalia video, na shangazi wa mume wangu bado ananionyesha goti lake bovu), na pembeni naandika hadithi. Mama mkwe peke yake ndiye aliyenitetea kwa kina mama wa kanisani waliosema sina kazi, ila hakuwa na cha kuwaonyesha. Kwa hiyo nilipomaliza filamu yangu fupi akawaita wote ukumbini, mchana, madirisha tukayaziba kwa vitenge.

Sasa, kwetu Wanyakyusa mke hamtazami baba wa mumewe. Wengi wameacha, ukoo wa mume wangu haujaacha. Mzee akitokea mimi natokomea migombani, tukikutana ghafla najifunika kanga, na hata picha yake ya ukutani hugeuzwa nikifika. Miaka yote ya ndoa nimemjua kwa kikohozi na miguu: vidole vipana ndani ya katambuga za tairi.

Kosa lenyewe lilikuwa dogo. Tulikuwa kwenye mtumbwi, tunapiga picha soko la Lyulilo kwa mbali, nikamwona kwenye lenzi mzee ameketi nyuma ya vyungu, anakula samaki mbasa wa kuchoma. Uso gani ule! Mpiga kamera wangu akauliza, "Tukamwombe ruhusa?" Nikamjibu, "Ukimwomba atajikaza, atatuharibia." (Na kuhusu kuomba ruhusa nina mhadhara mzima chuoni.) Vyungu vilimficha kuanzia kiunoni kushuka chini.

Nikaupenda uso ule mpaka nikauandikia makala, nikausifu mbele ya maprofesa, na kwa kuwa mimi pia ni mtunzi, sikuweza kumwacha mzee wa watu ale samaki wake kwa amani, nikamtungia msiba. Mume wangu angeniokoa, lakini filamu zangu humlaza usingizi kabla hazijafika katikati.

Basi ukumbi ukajaa, mama mkwe mbele kabisa na kitenge kipya, wake wengine wa ukoo nyuma yake, baba mkwe amewekewa kiti nje chini ya dirisha asikilize tu. Yule mzee akatokea ukutani, mkubwa kama nyumba, anatafuna. Na sauti yangu, niliyoirekodi kwa majonzi, ikasema: "Tangu mkewe azame ziwani, mzee huyu hula peke yake."

Mama mkwe akageuka taratibu.

"Nimezama lini?"

Hapo ndipo nilipoelewa, na wale wake wengine wa ukoo nao wakaelewa, wakapiga yowe, wakajifunika, wakaukimbilia mlango mmoja wote kwa pamoja. Mimi nikabonyeza kompyuta izime, ikagandisha picha mzee akiwa mdomo wazi, na mwiba wa samaki mdomoni. Nikajitupia kanga kichwani, nikavuta waya kwa kupapasa, nikaangusha spika, nikatoka mbio, nikazunguka kona ya ukumbi na kumvaa mtu. Nikatazama chini. Katambuga. Nikatazama juu (kwa nini, sijui, labda ni kazi tu). Uso wangu wa makala, mzima mzima!

Akakohoa. Mimi haniambii kitu, akaongea na dirisha: "Mama Tumaini, mwambie mkwe wako samaki alikuwa mtamu. Ila mke ninaye."

"Ndaga fijo, baba," mama mkwe akamshukuru kutoka ndani, kisha nikamsikia akiwageukia kina mama: "Mlisema hana kazi. Mmeona? Ameniua na wala hakunigusa."

Kicheko kilichofuata nadhani walikisikia mpaka Mbugani. Nililia migombani mpaka jioni, na mama mkwe ndiye aliyeniletea chakula: mbasa, tena wa kuchoma.

Picha ya ukutani bado wanaigeuza nikifika, ingawa uso ule naujua mpaka pengo la jino. Nami nimeapa, kuanzia Matema mpaka Kyela mjini, mzee yeyote nitakayempiga picha nitamwomba ruhusa, na kabla ya kumwomba nitatazama miguu.